Alikuwa chini ya mwembe, akaandikwa hakuhudhuria

Ndugu Mhariri,

Naomba nafasi katika ukurasa wako wa barua za wasomaji. Ninaandika kuhusu jambo linalochukua dakika tatu mbele ya meza ya hakimu au mwenyekiti wa baraza, lakini likishaandikwa humchukua mwananchi miezi na miezi kulitengua, tena akiwa na bahati. Ni kufutwa kwa shauri kwa sababu mwenye shauri hakuitika jina lake lilipoitwa.

Mimi ni mwalimu mstaafu wa shule ya msingi. Nilifundisha miaka 34, yote huku Kusini. Katika miaka ya tisini nilikuwa pia mzee wa baraza katika mahakama ya mwanzo, kwa hiyo chumba cha shauri nakijua kwa kukaa pande zote mbili za meza. Baraza ninalolisimulia hapa sitalitaja, wala wilaya yake. Shauri lenyewe bado linasikilizwa, na nani mwenye shamba ni juu ya baraza kuamua. Mimi nataka kusema habari ya mlango wa baraza na mwembe ulio nje yake.

Mama yangu mdogo ana miaka 71, ni mjane. Mwaka juzi alifungua maombi katika baraza la ardhi na nyumba la wilaya kuhusu shamba la mikorosho, ekari nne na nusu, aliloachiwa na marehemu mumewe. Kwanza tulipita baraza la kata, kama inavyotakiwa tangu sheria ilipobadilishwa mwaka 2021. Kata siku hizi haiamui, inasuluhisha tu, na ikishindwa ndani ya siku 30 mtu anaruhusiwa kwenda mbele. Hatukupatana, tukaenda mbele. Baada ya kuahirishwa mara tatu, na zote tatu sisi tulikuwepo, tukapangiwa siku ya kusikilizwa: Jumanne, mwezi wa Machi mwaka jana, saa tatu asubuhi.

Tuliondoka nyumbani saa kumi alfajiri. Tulikodi bajaji hadi barabara kuu kwa shilingi 15,000, kwa sababu mvua ilikuwa imenyesha siku mbili na dereva alisema lile tope litamlazimu kushuka na kusukuma, na kweli alishuka akasukuma. Kisha Kosta. Tulikuwa wanne: mimi, mama mdogo na mashahidi wawili. Shahidi mmoja alikuwa mzee wa miaka 78. Ndiye aliyeshika kamba siku mpaka wa shamba lile ulipopimwa mwaka 1986. Wenzake wote wa siku ile wamekwishatangulia mbele ya haki. Alivaa kanzu yake ya Ijumaa na koti juu, na njia nzima alikuwa akiitaja miti ya mpakani mmoja mmoja asije akaisahau mbele ya mheshimiwa.

Tulifika saa mbili kasorobo.

Jengo lina chumba cha kusikilizia mashauri, ofisi ya karani, na ushoroba wenye mabenchi mawili. Mabenchi yale yakijaa sana yanabeba watu kumi na wawili. Orodha iliyobandikwa ukutani siku ile ilikuwa na mashauri 19, na letu lilikuwa la 14. Fanya hesabu, Mhariri: kila shauri lina pande mbili, kila upande una ndugu na mashahidi. Wasiopata benchi hukaa chini ya mwembe, hatua kama thelathini kutoka mlangoni. Hakuna anayewakataza, na karani mwenyewe huwaambia watu, "Kaeni pale mwembeni mtaitwa." Hata sisi alituambia hivyo.

Ilipokaribia saa nne karani akaniita akasema kopi ya kitambulisho cha shahidi wetu wa pili haisomeki, nikatoe nyingine. Nilivuka barabara hadi steshenari. Umeme ulikuwa umekatika, nikasubiri wawashe jenereta. Niliangalia orodha kabla sijatoka, walikuwa wameita shauri la nne. Nikajua nina muda.

Sikujua kwamba wakili wa upande wa pili alikuwa na shauri jingine mahakamani na ameomba letu lisogezwe mbele. Ni desturi ya siku nyingi, mashauri yenye mawakili huitwa kwanza ili wawahi kwingine, nami siilaumu. Lakini aliyekaa chini ya mwembe akihesabu kuanzia namba moja hadi 14 hana wa kumwambia kwamba 14 imegeuka tano.

Karani akatoka mlangoni akaita jina. Aliita jina lililo kwenye faili, yaani la kitambulisho cha taifa, majina matatu. Mhariri, mama mdogo hajaitwa jina lile tangu akiwa mwari. Kijijini anaitwa kwa jina la mwanawe wa kwanza, ambaye ni marehemu sasa. Kanisani na msibani, sokoni na kwenye chama cha ushirika, ni mama fulani. Mimi mwenyewe, niliyelelewa naye, jina lake la pili nililisoma kwa mara ya kwanza siku tulipojaza fomu ya maombi. Na sikio lake la kushoto halisikii vizuri. Yule mzee wa kanzu aliniambia baadaye kwamba alisikia karani anaita mtu, akageuka kuangalia nani atanyanyuka, hakunyanyuka mtu. "Nilidhani ni mgeni wa kijiji kingine," alisema.

Karani akaingia ndani. Wakili akasimama akasema mwombaji hayupo na hakuna taarifa, anaomba shauri lifutwe kwa gharama. Likafutwa.

Narudi na kopi zangu mkononi, nakutana na mjibu maombi na wakili wake wanatoka. Yule kijana ni mtoto wa shemeji yake mama mdogo, si mtu wa mbali. Walipita pembeni ya mwembe kuelekea kwenye gari, na alipofika usawa wa mama mdogo akainama kidogo akasema, "Shikamoo mama." Mama mdogo akaitika, "Marahaba mwanangu." Niliyaona kwa macho yangu na kuyasikia kwa masikio yangu. Nikafikiri wametoka kupumzika, na sisi bado.

Tulikaa hadi saa nane mchana. Orodha iliisha na watu wakaondoka. Nikaingia kwa karani.

"Faili lenu limeshatoka, Mwalimu."

"Limetoka kwenda wapi?"

"Limefutwa. Mwombaji hakuwepo."

"Mwombaji huyu hapa nje, tangu saa mbili kasorobo."

Alichungulia dirishani akamwona. Alinyamaza muda. Kisha akasema kwa upole kabisa, "Mwalimu, mheshimiwa keshaandika."

Nilitoka kwenda kumweleza mama mdogo. Aliniuliza swali moja tu: "Sasa nirudi tena lini?" Alidhani tumeahirishiwa.

Naomba wasomaji wanivumilie nieleze kidogo sheria inasemaje, kwa sababu wengi wetu tunaingia kwenye vyumba hivi bila kuijua. Mabaraza ya ardhi na nyumba ya wilaya yana kanuni zake, Tangazo la Serikali Namba 174 la mwaka 2003. Kanuni ya 11 inalipa baraza uwezo wa kufuta maombi iwapo mwombaji hayupo bila sababu ya msingi, na ilhali alipewa taarifa au alikuwepo siku tarehe ilipopangwa. Aliyeumizwa na amri hiyo ana siku 30 kuomba itenguliwe. Kwa mahakama za kawaida ipo Amri ya Tisa ya Sheria ya Mwenendo wa Mashauri ya Madai, Sura ya 33, sheria ya mwaka 1966. Humo, pande zote mbili zikikosekana, shauri linaweza kufutwa lakini mdai anaweza kulifungua upya kama muda wa ukomo haujampita. Akikosekana mdai peke yake na mdaiwa yupo, mlango ule unafungwa. Hawezi kufungua upya kwa dai lilelile. Anachoweza ni kurudi palepale, kuomba amri itenguliwe na kuonyesha sababu ya kutosha.

Kuna tena maneno mawili yanayomchanganya mwananchi: kuondoshwa na kutupiliwa mbali. Shauri lililoondoshwa, kwa mfano kwa sababu karatasi zilikosewa, mara nyingi linaweza kurudi likiwa limerekebishwa. Lililotupiliwa mbali halirudi hivihivi. Mtaani kote tunasema "limefutwa", na makarani nao husema hivyohivyo. Tangu mwaka 2021 Kiswahili ndiyo lugha ya mahakama kisheria, na amri tuliyopewa iliandikwa kwa Kiswahili safi. Nashukuru kwa hilo. Lakini haikuwa na mstari hata mmoja unaosema: una siku 30, njia ya kurudi ni hii. Nakala yenyewe tuliipata siku ya 24, baada ya kuifuata safari tatu.

Aliyetuokoa ni msaidizi wa kisheria, kijana mmoja anayewasaidia watu bure kwa mujibu wa Sheria ya Msaada wa Kisheria ya mwaka 2017. Aliangalia tarehe akasema, "Mwalimu, msihesabu kuanzia siku mliyopewa karatasi. Hesabuni kuanzia siku ya amri." Tulibakiwa na siku sita. Maombi tuliyaingiza siku ya 28.

Hapo ndipo nilipojifunza jambo linalonifanya niandike barua hii. Ukichelewa kuomba amri itenguliwe, sheria inakutaka ueleze kila siku uliyochelewa. Mahakama ya Rufani imeshasema hivyo katika maamuzi yake: kuchelewa hata kwa siku moja ni lazima kutolewe maelezo. Sina ugomvi na hilo, muda ni muda. Lakini upande wa pili wa meza hautakiwi kueleza chochote. Katika mwenendo wa siku ile, yaani kumbukumbu za shauri anazoandika mwenyekiti, imeandikwa kwamba mwombaji hayupo. Haikuandikwa aliitwa saa ngapi, aliitwa mara ngapi, aliitwa kutoka wapi, wala kwamba shauri la 14 liliitwa la tano. Mama wa miaka 71 aeleze siku zake zote, na baraza lisieleze hata saa moja?

Na kuthibitisha kwamba ulikuwepo si kazi ndogo. Ungekuwa mgonjwa ungeleta cheti cha hospitali. Ungekwamishwa na gari ungeleta tiketi na barua ya mwenye basi. Aliyekuwepo ana cheti gani? Kijana wetu wa msaada wa kisheria alitueleza kwamba kiapo kikimtaja mtu mwingine, mahakama hupenda mtu huyo naye aape, vinginevyo inakuwa habari ya kusikia. Maana yake, ili tuseme karani ndiye aliyetuambia tukae mwembeni, ilitakiwa karani aape. Nilimfuata. Alinisikiliza, akanikaribisha kiti, kisha akasema, "Mwalimu, unataka niape dhidi ya faili la bosi wangu?" Nilimwelewa. Ana watoto.

Basi tukaapa sisi. Mama mdogo aliweka dole gumba, mimi nikatia saini, na yule mzee wa kanzu akasafiri tena kwenda mjini kuapa kwamba alikuwa chini ya mwembe na mwombaji alikuwa pembeni yake, na kwamba mjibu maombi alimwamkia. Upande wa pili ulileta kiapo kinzani kurasa tano. Kiliandikwa kwa ustadi kwamba mwombaji mwenye nia na shauri lake hukaa ndani ya jengo. Kuhusu ile shikamoo hakikusema lolote.

Maombi yale yaliamuliwa mwezi wa Novemba. Ni miezi minane kwa jambo la dakika tatu. Tulishinda, shauri likarudishwa, na namshukuru mwenyekiti kwa kusoma viapo vyetu na kuviamini. Sikumwona hata siku moja kama mtu mbaya. Alikuwa na mafaili 19 mezani na karani mmoja.

Lakini yule mzee alifariki mwezi wa Septemba. Kitu pekee alichowahi kuapa mbele ya sheria kuhusu shamba lile ni kwamba alikuwa chini ya mwembe. Mpaka, kamba, miti aliyokuwa akiitaja njia nzima ndani ya Kosta, hakuna mahali palipoandikwa. Shauri lilirudishwa, shahidi hakuweza kurudishwa.

Sasa niseme na upande mwingine, kwa sababu nimeukalia. Kanuni ya kufuta shauri ni ya lazima. Kuna watu hufungua shauri si kwa kutafuta haki bali kumfunga mwenzao mikono. Shamba likishakuwa na shauri, mnunuzi anaogopa, benki inaogopa, mjukuu hawezi kujenga. Aliyefungua anaitwa mara ya kwanza hayupo, mara ya pili hayupo, mara ya tatu kaleta udhuru wa msiba wa mjomba. Aliyeshtakiwa anapanda basi kila mara, anaacha kazi yake, anarudi nyumbani bila kusema hata neno. Huyo naye ana haki, na Katiba yetu katika ibara ya 107A inaziagiza mahakama zisicheleweshe haki bila sababu ya kimsingi. Mahakama nchini Kenya, katika uamuzi wa mwaka 1967 wa Shah dhidi ya Mbogo unaonukuliwa hadi leo Afrika Mashariki, ilieleza vizuri kwamba uwezo wa kutengua amri upo ili kumwokoa aliyepatwa na ajali au kosa linalosameheka, si kumsaidia anayekwepa makusudi. Naunga mkono kila neno.

Tofauti ya watu hao wawili, anayekwepa na aliyepatwa, ndiyo inayotakiwa kutafutwa kabla kalamu haijagusa karatasi. Kanuni ya 11 inasema "bila sababu ya msingi". Nani anaweza kujua kama sababu ipo au haipo katika muda wa kuita jina mara moja na kufunga mlango?

Enzi zangu za uzee wa baraza nilikaa na mahakimu watatu. Mmoja wao alikuwa na tabia ambayo wakati ule niliiona ni ya kutuchelewesha kula. Faili likiitwa na mtu asiitike, hakuliandika kitu. Aliliweka dirishani. Ilipofika saa sita na nusu, mafaili ya mezani yakiwa yameisha, aliyarudia ya dirishani. Safari hii tarishi hakuishia mlangoni. Alitoka hadi barabarani, akaita jina mara tatu kwa sauti, kisha akauliza watu waliokaa, "Kuna mtu wa kijiji fulani hapa mwenye kesi ya mbuzi?" Siku nyingi mtu alipatikana. Mwingine alikuwa chooni. Mama mmoja alikuwa nyuma ya jengo akinyonyesha. Mwingine alikuwa palepale lakini, kama mama yangu mdogo, hakulijua jina lake la karatasi. Ambaye hakupatikana hata mara ya pili, hakimu alimwandikia, na juu ya ukurasa aliandika saa. Sikumbuki amri yake ya namna hiyo ikirudi kulalamikiwa.

Kwa hakimu aliyemfuata mafaili hayakuwekwa dirishani. Siku moja, saa tatu na dakika kumi, tulifuta dai la mtu. Tuliulizwa wazee wa baraza tunaonaje, nami nikasema lifutwe, maana alishakosekana mara moja kabla. Saa saba alifika akiwa amelowa hadi kifuani, nguo zake za kubadilisha kazifunga kwenye mfuko wa rambo kichwani. Mto ulikuwa umejaa, kavuka kwa miguu. Alisimama mlangoni akasema, "Nipo." Hakimu alikwishaondoka. Nilimweleza kwamba limefutwa, akanishukuru, akaondoka kuwahi mto kabla haujaongezeka. Sikumwambia habari ya kuomba litenguliwe, kwa sababu hata mimi sikuwa naijua, na nilikuwa nimekaa kwenye kiti cha kuamua haki za watu. Imepita karibu miaka thelathini, na tangu Machi mwaka jana namkumbuka kila wiki.

Kwa hiyo ninachoomba ni kidogo, na kimewahi kufanyika kwa dirisha na sauti ya tarishi. Shauri la mtu asiyeitika lisifutwe kwenye mwito wa kwanza. Liwekwe kando liitwe tena orodha ya siku inapoisha, na likiitwa, mwitaji atoke nje ya jengo. Kama mashauri ya mawakili yanatangulizwa, waliokaa nje watangaziwe kwamba orodha imebadilika. Jina liitwe pamoja na kijiji na jina la mwenzake anayeshitakiana naye, maana hata asiyelijua jina lake la kitambulisho anamjua aliyemchukulia shamba. Fomu ya maombi ina nafasi ya namba ya simu. Tuliijaza, ya mama mdogo na yangu. Simu yangu ilikuwa mfukoni pale steshenari, na haikulia. Na kwenye mwenendo iandikwe: ameitwa saa fulani, mara ya kwanza, saa fulani, mara ya pili, simu imepigwa, imepokelewa au haikupokelewa. Anayekwepa makusudi atafutiwa vilevile siku hiyohiyo, tena kwa amri ambayo hataweza kuitikisa. Hakuna aliyechelewa zaidi ya saa chache.

Ikishafutwa, amri yenyewe iseme siku 30 na iseme pa kwenda. Nakala itolewe siku ileile. Haiwezekani muda wa mtu uanze kuhesabiwa huku karatasi ya kumwambia hivyo iko kabatini.

Najua yapo mengi mazuri yanayofanyika. Mahakama ilianzisha mahakama inayotembea mwaka 2019, gari lenye chumba cha kusikilizia mashauri linalowafuata watu Dar es Salaam na Mwanza. Mashauri siku hizi yanafunguliwa kwa mfumo wa kielektroniki, na mawakili wanasimama mbele ya majaji kwa video wakiwa ofisini kwao. Nayaona haya kwenye taarifa ya habari na nafurahi kwa nchi yangu. Ila huku kwetu bado mtu anahudhuria kwa miguu yake na kwa kuitika, na Katiba hiyohiyo, ibara ya 13, inampa haki ya kupewa fursa ya kusikilizwa kwa ukamilifu. Ibara ya 107A nayo inaagiza haki itendwe bila kufungwa kupita kiasi na masharti ya kiufundi. Hatua thelathini kati ya mlango na mwembe zisiwe sharti la kiufundi.

Naomba pia wazee wenzangu wa mabaraza, ambao bado mnakaa pale, mnapoulizwa mnaonaje, semeni liwekwe dirishani kwanza. Mnaulizwa ili mseme.

Shauri letu limepangiwa tarehe nyingine, mwezi ujao. Shahidi tuliyebaki naye anajua mpaka wa upande mmoja tu. Mama mdogo hakai tena mwembeni. Anakuja na kigoda chake kutoka nyumbani, anakiweka pembeni ya mlango kabisa, mahali ambapo kila anayetoka ni lazima amruke, na karani amemwachia. Tukiwa ndani ya Kosta huwa namwita kwa lile jina la kitambulisho, yote matatu, mara kadhaa njiani, naye anaitika, "Nipo."

Mwalimu mstaafu,
Kusini mwa Tanzania
(Jina na anuani nimekuachia wewe, Mhariri.)